Wasomaji wanauliza: mto wa kilomita tatu na kitu unalindwa wa nini?

SWALI: Habari za kazi dada, pole na majukumu. Mimi ni msomaji wako wa siku nyingi, niko Tabata. Mdogo wangu yuko chuo anasomea mambo ya mazingira, juzi kaja likizo akanionyesha kwenye simu mto mmoja uko Puerto Rico unaitwa Rio Icacos, uko msituni, eti unalindwa na sheria ya Marekani nzima, na hicho kipande kinacholindwa hakifiki hata kilomita nne. Nikamwambia huo sio mto, hilo ni korongo. Tumebishana wiki nzima mpaka mama katutoa sebuleni. Naomba utuamue, kwanini mto mfupi hivyo ulindwe, na unalindwa watu wasiufanye nini? Na sisi tuliopakana na Msimbazi hapa mbona hatuoni mtu anaulinda? (Kaka Mkubwa, Tabata)

JIBU: Kwema kaka, mama mpe shikamoo yangu, na mdogo wako mwambie yuko sahihi. Naomba unisikilize kwa utulivu maana hili jambo nalipenda na nitaongea sana.

Rio Icacos uko ndani ya msitu wa El Yunque, kwenye milima ya Luquillo, kaskazini mashariki ya Puerto Rico, kisiwa kilicho chini ya Marekani. Kipande kilicholindwa ni maili 2.3, yaani kama kilomita 3.7, kuanzia unapochipukia huko juu mpaka pale unapotoka nje ya mpaka wa msitu. Ni kama utoke Posta kwa mguu mpaka uvuke Salenda kidogo, umeumaliza. Uliingizwa kwenye orodha ya Marekani ya mito inayolindwa Desemba 2002 pamoja na wenzake wawili wa msitu huohuo, Rio de la Mina maili 2.1 na Rio Mameyes maili 4.5, ukijumlisha yote mitatu unapata maili 8.9 tu. Sheria yenyewe ni ya zamani, Rais Lyndon Johnson aliisaini Oktoba 1968, na ilikuja baada ya Wamarekani kujenga mabwawa miaka na miaka kwenye kila mto uliofaa kujengwa bwawa, mpaka watu wakaanza kuuliza hivi tutabakiwa na mto hata mmoja unaotembea wenyewe kweli?

Sasa hapo ndo kwenye swali lako la watu wasiufanye nini. Kikubwa ni bwawa. Mto ukishaingia kwenye ile orodha serikali ya shirikisho hairuhusiwi kutoa leseni ya bwawa la umeme kwenye kipande hicho, wala kutoa hela au kibali kwa mradi wa maji utakaouharibu. Halafu kingo zake zinawekewa mpaka, kwa wastani kama robo maili kila upande, mita 400 hivi, na wanaousimamia lazima waandike mpango wa namna watakavyoutunza. Kuna madaraja matatu, kuna mto wa pori kabisa ambao unafikika kwa njia ya miguu tu, kuna mto wa mandhari ambao kingo zake bado za asili ila barabara inaweza kuugusa sehemu mojamoja, na kuna mto wa matembezi ambao barabara ziko jirani na watu wanafika kirahisi. Icacos wote uko kwenye daraja la mandhari. Kwahiyo usimfikirie askari kasimama na bunduki kwenye ukingo. Sehemu kubwa ya ulinzi wenyewe ni watu kukubaliana kwamba hapa hatujengi, basi, na hilo halina gharama kubwa kama wengi wanavyodhani, maana najua utaniambia wenzetu wana hela.

Tuje kwenye ufupi. Mto wa kisiwani hauwezi kuwa Rufiji. Ile milima inapita kidogo mita 1,000 na bahari iko hapohapo chini, maji yakianza safari hayana pa kuzunguka, yanashuka tu. Na mvua yake sio hii yetu, Dar kwa mwaka wa kawaida tunapata kama milimita 1,100, bonde la Icacos linapata zaidi ya 4,000, ni karibu mara nne ya masika na vuli zetu zote ukiziweka pamoja. Halafu chini ya huo mto kuna mwamba wa jamii ya graniti ambao kwa vipimo vya wanasayansi uko kwenye kundi la miamba ya aina hiyo inayooza haraka kuliko yote iliyowahi kupimwa duniani. Ndio kaka, mwamba unaoza. Maji ya mvua yakipenya na joto lile lisilopungua mwaka mzima, jiwe linageuka udongo laini likiwa limekaa palepale lilipo, umbo la jiwe unaliona lakini ukilibonyeza linameguka. Ndo maana kitanda cha Icacos kimejaa mchanga wakati mito mingine ya milima hiyohiyo ina mawe makubwa. Watafiti wamekaa hapo miongo kadhaa wanapima maji yanaingia na nini yanatoka na nini, na kipimo hicho kina maana pale tu ambapo juu yake hakuna shamba wala kiwanda wala bwawa. Ukiuvuruga huo mto mfupi umepoteza sehemu ya kujifunzia jinsi mlima unavyotengeneza udongo, na huwezi kwenda kununua nyingine.

Mlima wa hivyo ukiuchokoza unakujibu. Kuna barabara namba 191 ilikuwa inaukata huo msitu kutoka kaskazini kwenda kusini, miaka ya 1970 udongo ukaporomoka ukaikata, na mpaka leo kipande hicho hakipitiki kwa gari. Mizizi ya ile miti ndo inaushika huo udongo. Kimbunga Maria kilipopiga Septemba 2017 msitu ulivuliwa majani ukabaki vijiti vya kahawia, picha zake zinatia huzuni sana, ila mizizi ilikuwepo na mbegu zilikuwepo na ukaanza kuchipua wenyewe.

Sasa nikwambie kitu ambacho mimi binafsi ndo kilinifanya nianze kuiheshimu hii mito midogo. Ni kamba. Mito ya Luquillo ina kamba wa maji baridi, wako hadi huko juu milimani juu ya maporomoko, wanatembea juu ya mawe usiku wanakwangua ule utelezi na kuchanachana majani yaliyooza, ndo mafundi usafi wa mto. Jike anaachia watoto wadogo mno huwezi kuwaona kwa macho, na hao watoto lazima washuke na maji mpaka karibu na bahari, penye chumvichumvi, wasipofika ndani ya siku chache wanakufa. Wakishakua kidogo huko chini wanageuka, wanapanda mto wote tena, wanakwea maporomoko kwa miguu yao kwenye miamba iliyolowana, usiku, mpaka wanafika huko juu wanakoishi wakubwa zao. Kamba mwenye urefu wa kidole! Ukiweka bwawa kubwa katikati habari imeisha, juu ya bwawa hakutakuwa na kamba tena, na mawe yanabaki na utelezi wao. Kwahiyo ukiniuliza ufupi una shida gani, mimi nasema ufupi ndo unaofanya hiyo safari iwezekane, kutoka mlimani mpaka chumvini ni siku chache tu, bora njia iwe wazi.

Na usidhani haya ni ya Puerto Rico peke yake. Sisi tunaye chura wa Kihansi. Kule Udzungwa kuna korongo la mto Kihansi, maji yalikuwa yanaanguka kwa nguvu yanatoa manyunyu masaa ishirini na nne, na pembeni ya maporomoko kulikuwa na majani yaliyolowa muda wote, eneo la kama hekta 2 tu, viwanja viwili vitatu vya mpira. Humo ndimo aliishi chura mdogo wa rangi ya dhahabu, mkubwa kabisa hafiki sentimita 3, hatagi mayai kama chura wengine, anazaa watoto wakiwa tayari ni vyura kamili, kila mmoja anakaa juu ya kucha yako na nafasi inabaki. Hakuna sehemu nyingine duniani alipokuwepo. Aligunduliwa 1996, na mwaka 2000 bwawa la umeme la megawati 180 lilikuwa limeanza kazi, maji karibu yote yakaingia kwenye mitambo, manyunyu yakakata. Wakafunga mabomba ya kunyunyizia maji ili kuiga yale manyunyu na ikasaidia kwa muda, halafu ugonjwa wa fangasi ukaingia, wakapukutika. 2009 wakatangazwa kwamba porini hawapo tena. Bahati ni kwamba karibu 500 walikuwa wamechukuliwa mapema kupelekwa kulelewa Marekani, wakazaana huko, 2010 wa kwanza wakarudishwa nchini wakafikia hapahapa kwetu, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na 2012 ikaanza kazi ya kuwarudisha Kihansi. Umeme tunauhitaji, sibishi, natumia umeme kuandika hapa. Ila fikiria kama wale waliopanga mradi wangekuwa wanamjua huyo chura miaka kumi kabla, wangeweza kukaa mezani wakaamua maji kiasi gani yabaki korongoni kabla ya zege kumwagwa. Faida ya orodha kama ile ya wenzetu ni hiyo, mto unaangaliwa kabla mradi haujaja, sio baada.

Msimbazi sasa. Kaka mimi nimekulia Kigogo, huo mto naujua kwa harufu yake. Marehemu bibi alikuwa anasimulia walivyokuwa wanaoga na kufua huko bondeni, mimi nimeukuta tayari mweusi, mifuko imenasa kwenye matete, vijana wanachimba mchanga wanapakia, mvua ikinyesha Pugu sisi huku jua linawaka tunaona maji yanapanda rangi ya chai na vyombo vya watu vinaelea. Umesema huoni mtu anaulinda. Sheria ipo, Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 kifungu cha 57 inakataza shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, na hiyo inahusu Msimbazi kama inavyohusu mto wowote. Sasa pima mita 60 kutoka maji yalipo pale nyuma kwenu, utahesabu nyumba ngapi? Sisemi kwa kuwalaumu watu, wengi walipewa vile viwanja na mtu aliyejua anachofanya, wakauza ng'ombe wakajenga. Kuna mradi wa bonde la Msimbazi unaendelea, daraja jipya Jangwani na watu kuhamishwa kwenye mafuriko, na natamani sana ufanikiwe.

Lakini ukiniuliza mimi ningeanzia wapi, ningeanzia juu. Msimbazi unatokea vilima vya Pugu, Kisarawe, na huko juu bado kuna msitu wa asili, Pugu na Kazimzumbwi, umehifadhiwa, uko kilomita kama 25 tu kutoka Posta na watu wengi wa Dar hawajawahi kuukanyaga. Kile kipande cha juu ndo Icacos yetu. Ni kifupi, hakina jina kubwa, ukikipita unaweza usijue umepita mto. Lakini ni kipande pekee cha Msimbazi ambacho bado kinafanya kazi yake, mti unapokea mvua, udongo unainywa, maji yanatoka taratibu. Mkaa ukimaliza ile miti hata daraja liwe refu vipi pale Jangwani maji yatakuja kwa haraka zaidi kila mwaka. Kwahiyo ukisema kile kipande ni korongo tu umekitoa kwenye hesabu, na kikishatolewa kwenye hesabu mwenye shoka atakiona ni chake.

SWALI: Dada mimi naona hayo mambo ya kulinda mito isiguswe ni kwa wenye maji. Huku Kimara tunakaa siku tatu nne bomba halitoi, tunanunua madumu, boza likija tunagombana. Sasa mto ukiwekwa kwenye orodha usiguswe watu watakunywa nini? Maji si yanapita tu yanaenda baharini bure. (Mama Mapacha, Kimara)

JIBU: Pole sana mama, dumu najua bei yake inavyopanda bomba likikauka, na mwenye kiu hawezi kupewa hotuba.

Ila hata huko El Yunque watu wanakunywa maji ya mito hiyohiyo. Ule msitu ndo unanywesha sehemu kubwa ya kaskazini mashariki ya kisiwa, na huko chini maji ya Icacos na mito ya jirani yalichangia kwa miaka mingi mtambo mdogo wa umeme wa Rio Blanco. Kinachobadilika ni namna ya kuchota. Kwenye mto Mameyes hawakuweka bwawa la kuziba, walifukia mabomba yenye matundu chini ya changarawe za kitanda cha mto, maji yanachujika yenyewe yanaingia, juu mto unaendelea na safari na wale watoto wa kamba niliowasema kule juu wanapita salama badala ya kuvutwa na pampu. Maji yamepatikana na mto upo. Hiyo inatokana na watu kukaa na kujua kwanza nani mwingine anatumia huo mto.

Na hayo yanayoenda baharini hayaendi bure mama. Maji matamu yakipungua mlangoni mwa mto chumvi inapanda ndani, wakulima wa bondeni na mikoko vinaumia. Hata sheria yetu ya rasilimali za maji ya 2009 inataka maji fulani yabakizwe mtoni kwa mahitaji ya msingi ya watu na kwa uhai wa mto wenyewe, hayagawiwi kwa mtu.

Halafu maji yako wewe ya Kimara yanatoka Ruvu, na Ruvu chanzo chake ni milima ya Uluguru, vijito vidogovidogo kila kimoja ukikiangalia unaweza kukiruka. Mwishoni mwa 2022 mvua zilipochelewa Ruvu ukashuka vibaya na jiji zima likaingia kwenye mgao, unakumbuka. Msitu wa Uluguru ndo simtank letu ambalo hatukulinunua. Wakati wa kiangazi, kinachotufikisha mpaka mvua nyingine ni yale maji yaliyonywewa na udongo wa msituni masika, yanayotoka kidogokidogo Septemba na Oktoba. Mlima ukiwa mtupu maji yote yanashuka siku moja ya mvua, yana tope, mitambo inahangaika kuyasafisha, na kiangazi hakuna kitu. Kwahiyo mimi na wewe tuliopanga foleni ya boza ndo wa kwanza kuwa na shida na vile vijito vya juu.

SWALI: Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, nina klabu ya mazingira, watoto kama thelathini. Nataka waone mto msafi wa msituni kwa macho yao, wengi wanaujua Msimbazi tu. Bajeti yetu ndogo. Niwapeleke wapi? (Mwalimu, Ukonga)

JIBU: Mwalimu hongera sana, kwa ulipo Ukonga anza na Pugu, ni jirani yenu, mtaenda na kurudi siku hiyohiyo na nauli ndogo. Ongea mapema na ofisi ya wakala wa misitu wakupangie muongozaji na wakwambie kiingilio cha wanafunzi. Msitarajie maporomoko makubwa, ila waonyeshe jinsi maji yanavyojikusanya chini ya majani makavu, wachote kwenye glasi, na safari ijayo wachote ya Msimbazi pale chini waziweke zote mbili dirishani darasani.

Mkipata hela kidogo, Morogoro. Pandeni Morningside juu ya mji, njia inafuatana na maji muda mrefu na kuna sehemu mto unapita kwenye mawe yamejaa kuvu la kijani, maji ya baridi mpaka vidole vinauma. Mara ya mwisho nilipofika nilichuchumaa nikageuza jiwe moja la ukubwa wa ngumi, chini yake kulikuwa na wadudu wadogo wamejengea vijumba vya mchanga kama mirija, nikakaa hapo nusu saa wenzangu wakanitangulia. Wadudu wengi wa namna hiyo hawakai kwenye maji machafu, kwahiyo wafundishe watoto kugeuza jiwe, kuangalia, na kulirudisha lilivyokuwa. Na siku shule ikipata mfadhili nendeni hadi Udzungwa mkaone maporomoko ya Sanje, yanashuka kama mita 170, hiyo ni ya kulala kabisa.

Jambo moja naomba ulizingatie sana. Mito ya milimani inajaa ghafla, mvua inaweza kuwa inanyesha huko juu nyinyi mko juani na hamna habari. Mkiona maji yamebadilika rangi, au majani na vijiti vimeanza kuja vingi, watoe watoto wote majini hapohapo mpande juu, viatu vilivyobaki ukingoni viacheni.